Sauti ya Mgonjwa: Tawasifu, Wasia na Saratani kwa Mfano wa Butiama

Ikisiri

Makala haya yanachunguza nafasi ya masimulizi ya mgonjwa wa saratani anayekikabili kifo katika maandishi ya Kiswahili. Yanaeleza kwanza sifa za tawasifu ya ugonjwa kama utanzu ulivyokua ughaibuni, kisha yanaulinganisha utanzu huo na wasia, ambao ni mapokeo ya muda mrefu katika fasihi ya Kiswahili. Mfano mkuu ni ugonjwa na kifo cha Mwalimu Julius Kambarage Nyerere, aliyezaliwa na kuzikwa Butiama mkoani Mara. Hoja inayotetewa ni kwamba anayekabili kifo katika Kiswahili huzungumza zaidi na wanaobaki kuliko na nafsi yake. Kwa hiyo, kumficha mgonjwa jina la maradhi yake ni kumnyima fursa ya kuusia.

1.0 Utangulizi

Maandishi ya Kiswahili yanayohusu kifo ni mengi. Al-Inkishafi, utenzi wa Sayyid Abdalla bin Ali bin Nassir, unauonya moyo wa mtunzi kwa kuutazamisha magofu ya Pate na makaburi ya waliokuwa matajiri. Tenzi nyingine nyingi husimulia vifo vya mitume, mashujaa na masahaba, na tungo za maombolezo hazihesabiki. Hata hivyo, mtafiti akiuliza ni wapi mgonjwa mwenyewe anaposimulia, kwa nafsi ya kwanza, siku zake za kuumwa na kukaribia kufa, jibu huwa gumu kupatikana.

Tawasifu za Kiswahili zinazofahamika zaidi hazilijibu swali hilo. Maisha ya Hamed bin Muhammed, yaani Tippu Tip, ni simulizi ya misafara, biashara na vita. Shaaban Robert katika Maisha Yangu na Baada ya Miaka Hamsini anaeleza kazi, uhamisho, utunzi na matatizo ya nyumbani. Kifo kimo katika kitabu hicho, tena kwa uzito mkubwa, lakini ni kifo cha mkewe Amina. Msimulizi ni mfiwa. Tawasifu ya Rais wa Awamu ya Pili wa Tanzania, Ali Hassan Mwinyi, Mzee Rukhsa: Safari ya Maisha Yangu, ilizinduliwa mwaka 2021. Mwandishi wake alifariki tarehe 29 Februari 2024 kwa saratani ya mapafu. Kitabu kilikuwa kimekwisha kuchapwa, na sura ya ugonjwa haikuwamo.

Je, pengo hili lina maana kwamba Waswahili na wazungumzaji wengine wa Kiswahili hawana namna ya kukizungumzia kifo chao wenyewe? Makala haya yanajibu kwamba namna hiyo ipo, ila imetafutwa katika utanzu usio wake.

2.0 Tawasifu ya Ugonjwa na Sifa Zake

Tawasifu ya ugonjwa ni maandishi ambamo mgonjwa anasimulia maradhi yake mwenyewe: dalili za kwanza, kupimwa, kupewa jina la ugonjwa, matibabu, na ama kupona ama kujiandaa kufa. Utanzu huu ulistawi hasa Ulaya na Marekani katika nusu ya pili ya karne ya 20. Miongoni mwa matini zilizoujenga ni The Cancer Journals (1980) ya mshairi Audre Lorde, aliyeugua saratani ya titi. Lorde alilichukulia suala la kusema au kunyamaza kuwa la kisiasa. Kwake, mwanamke aliyekatwa titi na kutakiwa kulificha pengo hilo alikuwa anatakiwa pia kujificha yeye mwenyewe kwa wenzake wenye hali kama yake. Miaka miwili kabla yake, Susan Sontag, ambaye naye alikuwa ametibiwa saratani, aliandika Illness as Metaphor (1978) bila ya kutumia nafsi ya kwanza. Shabaha yake ilikuwa kuonyesha kwamba sitiari zinazouzunguka ugonjwa humwongezea mgonjwa mzigo wa aibu na lawama.

Arthur Frank, mwanasosholojia aliyepata kuugua saratani, aligawa masimulizi ya namna hii katika makundi matatu katika kitabu chake cha 1995. Kundi la kwanza ni la kurejea: mtu alikuwa mzima, akaugua, atapona. Kundi la pili ni la vurugu: mambo yanafuatana bila ya mpango, na msimulizi haoni mwisho. La tatu ni la safari: mgonjwa anayakubali maradhi na kuyafanya njia ya kutafuta maana. Mgawanyo huu una manufaa, lakini una dhana moja iliyojificha ndani yake. Katika makundi yote matatu mhusika mkuu ni nafsi ya mgonjwa, na swali linaloiendesha simulizi ni lile la kilichompata na alivyobadilika.

Dhana hiyo haitoshelezi hata matini zote za ughaibuni. Paul Kalanithi, daktari wa upasuaji wa ubongo nchini Marekani, alifariki mwaka 2015 kwa saratani ya mapafu, na kitabu chake When Breath Becomes Air kilichapishwa mwaka 2016. Sehemu kubwa ya kitabu hicho ni safari ya nafsi. Lakini sehemu aliyoiandika mwenyewe inafikia kikomo kwa maneno anayomwelekezea binti yake mchanga, ambaye asingeweza kumkumbuka baba yake. Penye ukingo wa kifo tawasifu inageuka kuwa usia. Kwa msomaji wa fasihi ya Kiswahili, mgeuko huo si jambo geni.

3.0 Wasia kama Utanzu wa Anayekabili Kifo

Utendi wa Mwana Kupona ulitungwa mwaka 1858. Mtunzi wake, mjane wa Bwana Mataka wa Siyu, alikuwa mgonjwa, na alifariki yapata miaka miwili baadaye. Kwa kawaida utendi huu husomwa kama mafunzo ya mke kwa mume, na mijadala mingi imehusu jambo hilo. Ni mara chache unaposomwa kama maandishi ya mgonjwa, ilhali mtunzi mwenyewe anaanza kwa kuieleza hali yake. Anamwita binti yake asogee na wino na karatasi. Anamweleza kwamba maradhi yamemshika kwa muda wa mwaka mzima na kwamba hajapata nafasi ya kumwambia neno jema.

Muundo wa utendi huo unastahili kuzingatiwa. Ugonjwa unatajwa kwa maneno machache tu, kama sababu ya kusema. Baada ya hapo maumivu hayaelezwi. Yanayofuata ni mawaidha kwa binti kuhusu dini, adabu na ndoa. Sehemu ya mwisho ni dua: mtunzi anajiombea, anawaombea watoto na jamaa zake, na anawaombea Waislamu wote. Kwa hiyo kuna hatua tatu: taarifa ya ugonjwa, maneno kwa anayebaki, na dua. Nafsi ya mgonjwa haikufutwa, kwani ndiyo inayoita, inayoagiza na inayoomba. Lakini inajidhihirisha kwa kupitia yule anayeambiwa.

Mapokeo haya yaliendelea. Shaaban Robert, baada ya kufiwa na mkewe, aliwatungia watoto wake Utenzi wa Hati na Utenzi wa Adili, tungo zinazofuata mkondo huohuo wa mzazi anayewaachia watoto maneno badala ya mali. Nje ya vitabu, wasia wa mdomo umeenea katika jamii nyingi za Afrika Mashariki. Mzee anayejihisi kwisha huwaita watoto, hutaja madeni na mipaka ya shamba, huwapatanisha waliogombana, huonyesha mahali anapotaka kuzikwa, kisha huwabariki. Huo nao ni utanzu wa fasihi simulizi wenye mpangilio wake, ingawa haujachunguzwa kwa kadiri ya ngano, methali au majigambo.

4.0 Mfano wa Butiama

Julius Kambarage Nyerere alizaliwa Butiama mwaka 1922, mtoto wa Mtemi Nyerere Burito wa Wazanaki. Alianza shule Mwisenge, mjini Musoma, mwaka 1934. Akiwa mwandishi, aliacha hotuba na insha nyingi, alitafsiri tamthilia mbili za Shakespeare, Juliasi Kaizari (1963) na Mabepari wa Venisi (1969), na katika uzee wake alizitia Injili katika tenzi. Hakuandika tawasifu. Wasifu wake uliochimba kwa kina, wenye juzuu tatu, uliandikwa na Issa Shivji, Saida Yahya-Othman na Ng'wanza Kamata na kuchapishwa kwa Kiingereza mwaka 2020, zaidi ya miaka 20 baada ya kifo chake.

Mwaka 1998 alibainika kuwa na saratani ya damu. Mwaka huohuo mazungumzo ya amani ya Burundi, ambayo yeye alikuwa msuluhishi wake, yalianza Arusha, naye akaendelea na kazi hiyo huku akiugua. Septemba 1999 alikwenda London kwa matibabu. Alifariki katika hospitali ya St Thomas' tarehe 14 Oktoba 1999, na Rais Benjamin Mkapa akalitangazia taifa msiba huo. Mwili ulirejeshwa Dar es Salaam, wananchi wakauaga, kisha ukasafirishwa hadi Mara. Maziko yalifanyika Butiama tarehe 23 Oktoba 1999, nyumbani kwake Mwitongo.

Kwa hiyo Butiama ni mahali penye kaburi la mgonjwa wa saratani anayejulikana kuliko wote nchini, na pia makumbusho yanayohifadhi vitu vyake. Lakini kuhusu mwaka ule mmoja wa kuumwa, hakuna matini ndefu iliyochapishwa aliyoiandika mgonjwa mwenyewe. Kinachofahamika kimetoka kwa wengine: taarifa za Serikali, kumbukumbu za jamaa, na maelezo ya daktari wake, Profesa David Mwakyusa, ambaye baadaye alikuwa Waziri wa Afya. Hata mchakato wa kumtangaza mwenye heri, ulioanzishwa na Jimbo Katoliki la Musoma katikati ya miaka ya 2000, unategemea mashahidi.

Katika kimya hicho yamebaki maneno machache ambayo Watanzania wengi wanayafahamu kwa moyo, na ambayo husomwa au kutangazwa kila ifikapo Oktoba. Inasimuliwa kwamba katika siku zake za mwisho Mwalimu alisema kuwa alijua hataupona ugonjwa ule; kwamba alisikitika kuwaacha Watanzania, ambao alijua wangelia sana; na kwamba yeye naye angewaombea kwa Mungu. Maneno haya hayana matini iliyoandikwa na msemaji. Yanaishi kama fasihi simulizi inavyoishi, kwa kupokezanwa, na kila anayeyataja huyapa mpangilio unaotofautiana kidogo na wa mwenzake.

Yakilinganishwa na utendi wa Mwana Kupona, kufanana kwao kunaonekana wazi. Kuna taarifa ya ugonjwa usiopona, iliyotolewa kwa ufupi. Kuna wanaobaki, ambao msemaji anawahurumia kuliko anavyojihurumia. Kuna dua. Mwanamke Mwislamu wa Siyu wa mwaka 1858 na mwanasiasa Mkatoliki wa Butiama wa mwaka 1999 wanatofautiana kwa karibu kila jambo, lakini kauli zao mbele ya kifo zina kiunzi kimoja. Inawezekana kwamba aliyesema aliufuata muundo huo kwa kuwa ndio aliourithi. Inawezekana vilevile kwamba waliopokea waliyahifadhi maneno hayo, wakayaacha mengine, kwa sababu hayo ndiyo yaliyolingana na matarajio yao kuhusu kauli ya mtu anayekufa. Kwa vyovyote vile, jamii ya Kiswahili iliyatambua mara moja kuwa ni wasia.

5.0 Jina la Maradhi, Usiri na Uchuro

Wasia una sharti moja: anayeusia lazima ajue kwamba wakati wake umekaribia. Hapa ndipo lugha ya saratani inapoleta tatizo. Neno lenyewe limetoka katika Kiarabu, na maana yake ya asili ni kaa, kama lilivyo neno la Kilatini lililozaa kansa. Waganga wa kale waliufananisha uvimbe na mishipa yake na kaa na miguu yake. Kwa msemaji wa Kiswahili wa leo sitiari hiyo imekufa, na neno limebaki na hofu tupu. Katika matangazo ya vifo mara nyingi halitajwi. Husemwa kwamba marehemu aliugua kwa muda mrefu, au kwamba alikuwa akisumbuliwa na maradhi, na msikilizaji huachwa akisie.

Kuna methali isemayo kwamba mficha maradhi kilio humfichua. Methali hiyo humlaumu mgonjwa. Lakini kwa saratani, anayeficha mara nyingi ni jamaa. Majibu hupewa kaka, mume au mtoto mkubwa, naye huamua kwamba mgonjwa asiambiwe ili asikate tamaa. Mgonjwa naye, akihisi ukweli, hunyamaza ili asiwahuzunishe. Kila upande humlinda mwenzake kwa kimya. Akithubutu kuanza kusema habari za kufa, huambiwa asijichurie. Imani ya uchuro, kwamba kulitamka baya ni kuliita, huyafunga mazungumzo kabla hayajaanza.

Nia ya ukimya huo ni huruma, na si haki kuubeza. Hata hivyo, matokeo yake ni mazito. Mtu hufa akiwa na deni ambalo halikutajwa, ugomvi ambao haukusuluhishwa na mtoto ambaye hakubarikiwa. Utamaduni uliompa nafasi ya kuusia ndio huohuo unaomnyima taarifa anayoihitaji ili ausie. Mgongano huu haukuwapo kwa kiwango hiki zamani, wakati mgonjwa alijijua kwa mwili wake mwenyewe. Ulikua pale ujuzi wa ugonjwa ulipohamia katika maabara na katika jalada lililoandikwa kwa Kiingereza.

Kuna ishara za mabadiliko. Mwanamuziki Philly Lutaaya wa Uganda alijitangaza mwaka 1989 kwamba ana UKIMWI, akautumia muda wake uliobaki kuwaambia wengine, akafariki Desemba mwaka huohuo. Ushuhuda wa namna yake ulizifungua midomo za wengi. Kwa upande wa saratani, Rais Samia Suluhu Hassan alipotangaza kifo cha Mzee Mwinyi mwaka 2024 aliutaja ugonjwa kwa jina lake. Lakini kutajwa baada ya kufa ni tofauti na kujitaja kabla ya kufa.

6.0 Musoma, Bunda na Njia ya Matibabu

Mkoa wa Mara una historia ndefu katika elimu ya saratani. Baada ya Denis Burkitt kuieleza mwaka 1958, nchini Uganda, saratani ya watoto inayovimbisha taya, ambayo baadaye iliitwa kwa jina lake, eneo la Mara Kaskazini, pamoja na hospitali ya Shirati, lilikuwa mojawapo ya mahali ilipochunguzwa kwa karibu. Kuanzia mwaka 1977 hadi 1982 watoto wa eneo hilo walipewa klorokwini, katika mradi wa Shirika la Kimataifa la Utafiti wa Saratani, ili kuona kama kupunguza malaria kungeipunguza saratani hiyo. Majarida ya tiba yalipokea takwimu za watoto hao. Sauti zao, na za mama zao, hazikuwa sehemu ya majedwali hayo.

Masimulizi ya mgonjwa wa Mara yana umbo la safari halisi. Kwa muda mrefu tiba ya mionzi nchini ilipatikana Ocean Road, Dar es Salaam, hospitali iliyojengwa na Wajerumani mwaka 1897 na kufanywa Taasisi ya Saratani mwaka 1996. Kutoka Musoma hadi huko ni zaidi ya kilomita 1,000. Huduma za saratani katika Hospitali ya Bugando, Mwanza, zilianza mwaka 2009, na mionzi ikafuata mwishoni mwa miaka ya 2010. Mgonjwa wa Butiama hutoka hadi barabara kuu, hupita Bunda, kisha huambaa na ziwa hadi Mwanza. Hospitali ya rufaa ya Kwangwa mjini Musoma, iliyochukua miongo mingi kukamilika, ina jina la Mwalimu Nyerere, na kwa wengi ndiko rufaa huandikwa.

Kila kituo cha safari hiyo kina lugha yake. Nyumbani maumivu husemwa kwa Kizanaki, Kijita, Kiikizu, Kikurya au Kijaluo. Hospitalini huelezwa kwa Kiswahili, na daktari huyaandika kwa Kiingereza. Katika kila tafsiri kitu hupungua. Maumivu ambayo kwa lugha ya mama yana sifa na mahali pake maalumu hufika kwenye jalada yakiwa neno moja. Kiswahili, kikiwa lugha ya katikati, ndicho chenye nafasi nzuri ya kuyapokea masimulizi hayo kabla hayajafika huko.

Anayetaka kuyakusanya, iwe Musoma, Bunda au Butiama, anahitaji kuuchunguza upya mwongozo wa maswali yake. Akimwuliza mgonjwa anavyojisikia, huenda akajibiwa kwa adabu kwamba hajambo, anamshukuru Mungu. Huo ni mwisho wa mahojiano. Akimwuliza ni nani angependa kumwachia neno, na neno gani, atakuwa ameugusa utanzu ambao mgonjwa anaumudu. Katika kuusia, mgonjwa atalazimika kueleza kilichompata, kwa kuwa wasia unahitaji sababu. Tawasifu itaingia kwa mlango wa wasia. Ridhaa ya mgonjwa ni ya lazima, na aliyeelekezewa maneno ndiye awe wa kwanza kuyasikia, kabla ya kumbukumbu ya chuo au jarida.

7.0 Hitimisho

Makala haya yamejaribu kuonyesha kwamba uchache wa tawasifu za saratani katika Kiswahili hautokani na ukosefu wa maneno ya kukisemea kifo. Utendi wa Mwana Kupona na kauli zinazonasibishwa kwa Mwalimu Nyerere zinashuhudia kuwapo kwa utanzu wenye hatua zake: kutaja ugonjwa, kusema na wanaobaki, na kuomba. Kinachozuia utanzu huo usiwanufaishe wagonjwa wengi zaidi ni usiri unaomtenga mgonjwa na habari za mwili wake mwenyewe.

Kwa wahakiki, hili linadai kuusoma upya Utendi wa Mwana Kupona kama maandishi ya ugonjwa, na kuuingiza wasia wa mdomo katika orodha ya tanzu za fasihi simulizi zinazofundishwa. Kwa wauguzi na jamaa, linadai jambo dogo zaidi lakini gumu zaidi: mgonjwa anayeuliza ajibiwe. Mwana Kupona alikaa mwaka mzima katika maradhi kabla ya kupata nafasi ya kumwita binti yake. Aliipata kwa sababu alijua hali yake, na binti alisogea na wino.